Mama mkwe anasema jina la binti yangu limegeuzwa nyuma mbele, ni la kichawi

Shangazi, shikamoo.

Mimi ni mwanamke wa miaka 27. Kwetu ni Muheza, Tanga, nimeolewa Mwanza. Mume wangu ni Msukuma wa Kwimba, fundi simu hapa mjini. Mwezi wa tatu Mungu alitujalia mtoto wetu wa kwanza, binti. Nilijifungua usiku, mvua inanyesha juu ya bati la wodi mpaka mtu akisema humsikii.

Asubuhi muuguzi alikuja na kadi ya kliniki akauliza jina la mtoto. Mume wangu akajibu papo hapo: Nevaeh. Mimi sikuwahi kulisikia. Muuguzi naye hakulijua, ikabidi mume wangu amwandikie kwenye kikaratasi, na bado kwenye kadi limeandikwa Nevaea. Nilipomuuliza kalitoa wapi, akasema kalikuta mtandaoni, ni jina la kisasa, maana yake mbinguni, na alitaka binti yake awe na jina ambalo halipo mtaa mzima. Sikubisha. Nilikuwa nimechoka, na kusema kweli jina lenyewe lilinipendeza. Mimi namwita Neve.

Mama mkwe alipokuja kutuona alikuwa na jina lake tayari: Kabula. Mtoto amekuja na mvua, na mama yake mzazi pia aliitwa Kabula. Aliposikia Nevaeh alinyamaza, akakaa siku zake, akaondoka. Kule kijijini akamweleza mzee wa kanisa. Kijana mmoja mwenye simu akatafuta, akawaambia kwamba jina hilo ni neno la Kiingereza la mbinguni lililosomwa kutoka nyuma kuja mbele. Basi ikawa vita. Mzee kasema anayegeuza mbingu anamfungulia shetani mlango, na kwamba wanaofanya mambo kinyume ni wachawi. Mama mkwe kampigia mume wangu simu huku analia. Mtoto akisumbuliwa na tumbo usiku, ni jina. Ameapa hakanyagi kwetu mpaka jina libadilishwe. Na lawama zote zimenishukia mimi, eti mwanamke wa Tanga ndiye aliyeleta hayo mambo ndani ya ukoo, wakati mimi sikuulizwa hata mara moja.

Mume wangu anasema jina halibadilishwi na hataki mjadala. Cheti cha kuzaliwa bado hatujachukua. Shangazi, jina hili limetoka wapi hasa? Lina ubaya wowote? Na nikienda kuandikisha, niandikishe jina gani?

Mama Neve, Mwanza

*

Marahaba mwanangu, na hongera ya uzazi.

Nianze na linalokunyima usingizi. Jina la binti yako halina uchawi wala shetani. Tena lina bahati ambayo majina machache yanayo: tunajua nani alilifanya likasikika, lini, na kwa nia gani.

Aliyelitangaza ni Sonny Sandoval, mwimbaji wa kundi la P.O.D. la San Diego, Marekani. Wanapiga muziki mzito wa roki, na ni watu wa imani ya Kikristo wasioificha. Mwaka 2000 kipindi kimoja cha televisheni ya MTV kinachoonyesha nyumba za watu maarufu kilimtembelea. Akamwonyesha binti yake mchanga, akasema anaitwa Nevaeh, yaani Heaven lililoandikwa kutoka nyuma. Ni baba aliyekuwa na furaha ya mtoto, akaitaja mbingu kwa namna yake. Basi.

Kilichofuata kiliwashangaza hata wanaofuatilia majina kwa kazi. Wamarekani wana kumbukumbu nzuri za majina kwa sababu mamlaka yao ya hifadhi ya jamii hutoa orodha kila mwaka. Mwaka 1999 nchi nzima ilikuwa na wasichana wachanga 8 tu wa jina hilo. Mwaka 2001 likaingia kwenye orodha ya majina 1,000 yanayotumika zaidi, tena moja kwa moja nafasi ya 266. Mwaka 2005 likawa la 70, likiwa limepewa watoto 4,457. Mwaka 2010 lilifika nafasi ya 25, kisha likaanza kushuka. Waliolipenda zaidi walikuwa walokole na familia za Wamarekani weusi, watu ambao kwao mbingu si neno la mchezo. Kwa hiyo mzee wa kanisa akitaka kujua jina hili limepita mikononi mwa nani, jibu ni kwamba limepita zaidi mikononi mwa watu wanaosali.

Ukitafuta zaidi mtandaoni utakutana na kurasa zinazodai kwamba Nevaeh ni la Kiebrania au la lugha fulani ya kale. Zipite. Halina mzizi katika lugha yoyote. Lote limo katika herufi sita za Kiingereza, na maana yake ni ile aliyoikusudia mzazi. Wamarekani hulitamka kama sisi tungeandika Neveya, sauti ikipanda kwenye "ve". Kwa hiyo wewe na Neve yako mko karibu kabisa.

Sasa tuje kwenye neno linalowatisha wakweo: kinyume.

Simdharau mzee wa kanisa. Wengi tumelelewa kwenye hadithi za wachawi wanaotembea kinyumenyume usiku, na nguo iliyovaliwa kinyume mtoto huambiwa aivue haraka. Hofu hiyo haikuanza naye. Ila wewe umekulia Muheza, na nina hakika umewahi kuwasikia watoto wa pwani wakizungumza kinyume. Sisi wasichana tulikuwa tukikaa uani na wakubwa, tukitaka kusengenya tunachukua silabi ya mwisho ya neno tunaitanguliza mbele. Maji yanakuwa jima. Nipe ni peni. "Peni jima" anasema mwenzako, unampa kata anakunywa, na mgeni hajui kilichoombwa. Hakuna aliyetukemea kwa uchawi. Tulikemewa kwa umbea, na hapo wakubwa walikuwa na haki.

Mchezo huo ni wa zamani. Edward Steere, mmisionari Mwingereza aliyeishi Unguja na baadaye akawa askofu wa UMCA, misheni ya Kianglikana kutoka Uingereza, alitoa kitabu cha kufundishia Kiswahili mwaka 1870, na ndani yake akaweka mfano wa maneno ya kinyume kama fumbo walilolifanya watu wa Unguja. UMCA ndio walioanzisha misheni ya Magila, huko huko kwenu Muheza. Mtu wa kanisa alikutana na maneno yaliyogeuzwa, akayaandika kitabuni watu wajifunze. Na ukienda Nairobi leo vijana wanasema risto badala ya stori. Hiyo nayo ni kinyume, na hakuna anayemwagiwa maji ya baraka kwa kuisema.

Kuna jambo jingine ambalo mzee wa kanisa mwenyewe anaweza kulifungua kwenye Biblia yake. Yeremia 25:26 inamtaja mfalme wa Sheshaki. Ukitafuta Sheshaki kwenye ramani huioni. Wataalamu wa Kiebrania wanaeleza kwamba ni Babeli, iliyoandikwa kwa mtindo wa kugeuza alfabeti, herufi ya mwisho ikishika nafasi ya ile ya kwanza, ya pili kutoka mwisho ikishika ya pili, hivyo hivyo mpaka mwisho. Katika 51:41 majina yote mawili, Sheshaki na Babeli, yamo ndani ya mstari mmoja. Nabii aligeuza herufi na kitabu kikabaki kitakatifu. Sisemi Nevaeh ni jina la Biblia, maana silo. Nasema kugeuza herufi peke yake hakumpi shetani kitu.

Na kama tatizo ni kwamba jina limetungwa juzi, tuulizane ni majina mangapi tunayoyaita ya kawaida yalitungwa na mtu mmoja aliyekaa na kalamu yake. Vanessa ni kazi ya Jonathan Swift, mwandishi wa Ireland wa karne ya 18. Alikuwa na rafiki aitwaye Esther Vanhomrigh, akachukua Van ya ukoo wake, akaiunganisha na Essa, kifupi cha Esther. Leo ukiita Vanessa kwenye shule ya Mwanza watageuka watoto watatu, na hakuna bibi aliyesusa. Wendy lilikuwa halijulikani hasa mpaka J. M. Barrie alipolitumia kwenye mchezo wa kuigiza wa Peter Pan mwaka 1904. Jessica tunalipata kwa mara ya kwanza kwa Shakespeare, binti wa Shylock katika ule mchezo ambao Mwalimu Nyerere aliutafsiri kwa jina la Mabepari wa Venisi. Majina hayo yamezeeka tu. La binti yako bado halijazeeka.

Nasisitiza hayo ili moyo wako utulie. Ila mwanangu, nimeisoma barua yako mara kadhaa, na sidhani kwamba mama mkwe wako analilia herufi.

Angalia mambo yalivyofuatana. Alikuja na jina mkononi. Jina la mama yake. Akakuta nafasi ya jina hilo imeshakaliwa, na aliyemweleza hakumpa hata neno la "mama, samahani, tulitangulia". Akanyamaza. Habari ya kinyume alikuja kuisikia baadaye, akiwa tayari ana kidonda. Mtu mzima akionewa hivyo na mwanawe wa kumzaa, ni vigumu kusema "nimeumia kwa sababu hamkunihesabu". Ni rahisi zaidi kusema "jina ni baya". Na ni rahisi zaidi kumlaumu mgeni wa Tanga kuliko kumlaumu mtoto aliyemnyonyesha. Hilo la Tanga limeniuma. Si haki, na mumeo ndiye wa kulikata, kwa kinywa chake, mbele ya mama yake: kwamba jina alilitoa yeye, akamtajia muuguzi yeye, na wewe ulilisikia pamoja na muuguzi.

Usiende wewe kumfundisha mkweo habari za Sonny Sandoval na Yeremia. Mkamwana akienda na ushahidi mkononi, hata ukiwa wa kweli, ataonekana amekwenda kushindana. Aende mwanawe, aende Kwimba kwa miguu yake, asimalize jambo hili kwenye simu. Akifika asianze na maana ya jina. Aanze na kuomba radhi kwa kutouliza.

Baada ya hapo azungumze na mama yake kwa lugha ya kwao, maana Wasukuma wana hazina ya majina ambayo huenda yeye mwenyewe kwenye shughuli za simu ameisahau. Kabula na Mabula ni watoto wa mvua. Kulwa na Doto ni mapacha, Kulwa akitangulia na Doto akifuata, na anayezaliwa nyuma yao ni Shija. Wapo pia akina Kashinje, na hapa ningependa mumeo akae na mama yake waongee vizuri: Kashinje ni mtoto aliyetanguliza miguu wakati wa kuzaliwa. Kaja kinyume kabisa, na wazee hawakumficha wala kumtupia neno baya. Walimpa jina linaloeleza alivyokuja, akakua, akaoa au akaolewa, na jina likarithiwa. Mama mkwe bila shaka anawafahamu watu wa jina hilo. Watu wenye moyo mpana kiasi hicho katika majina hawashindwi kumpokea Nevaeh. Ila wapokee kwa kuombwa.

Kabula basi apewe mtoto. Nalisema hili nikimaanisha, si kwa kumtuliza bibi tu. Mtoto alizaliwa mvua ikinyesha, na mama wa bibi yake aliitwa hivyo. Hilo ni jina lililokuwa linamsubiri kabla baba yake hajashika simu. Likiwa la nyumbani, la Kwimba, la bibi kumwimbia na kumwogeshea, halimpunguzii Nevaeh chochote. Mkiwa kijijini mwite Kabula kwa sauti, hasa wewe, mkweo akusikie. Baba akitaka liingie pia kwenye cheti, liingie. Katika hilo la cheti naomba unisikilize kwa makini, kwa sababu hapa ndipo jina geni linapoweza kumsumbua mtoto kweli kweli, na dalili umeshaiona kwenye kadi ya kliniki.

Oprah Winfrey, yule mtangazaji wa Marekani, alizaliwa mwaka 1954 akapewa jina la Orpa, yule mkamwana wa Naomi katika kitabu cha Ruthu. Kwa Kiingereza linaandikwa Orpah. Watu wakashindwa kulitamka, P na R zikabadilishana nafasi, na Oprah ndilo lililobaki. Yeye alifika mbali nalo, hata kampuni yake akaiita Harpo, jina lake lililosomwa kutoka nyuma. Lakini yeye hakuhitaji namba ya NIDA, ile ya kitambulisho cha taifa. Huku kwetu, herufi moja ikitofautiana kati ya cheti cha kuzaliwa, cheti cha shule na kitambulisho, mtoto akiwa mkubwa ataanza kuzunguka mahakamani kula viapo kwamba Nevaea na Nevaeh ni mtu mmoja. Mkopo wa chuo unaweza kumkwama hapo. Pasipoti pia.

Kwa watoto walio chini ya miaka mitano, RITA, wakala wa serikali anayeandikisha vizazi na vifo, wana mpango wa kuandikisha kwenye vituo vya afya na ofisi za kata, na cheti huandikwa kwa mkono papo hapo. Ni huduma nzuri, lakini mwandishi ataandika alichokisikia, na hili jina halisikiki kama linavyoandikwa. Asilitamke mtu. Nenda na karatasi yenye herufi kubwa: N, E, V, A, E, H. Makosa yanayolipata zaidi, hata huko Marekani, ni kubadilisha A na E likawa Neveah, au kuiacha ile H ya mwisho. Mwombe mwandishi akuonyeshe kabla hajapiga mhuri. Kadi ya kliniki irekebishwe siku hiyo hiyo, na mtakapombatiza mpelekee katekista au mchungaji karatasi ile ile.

Mpangilio wa majina nao muuamue kabla hamjatoka nyumbani. Huku kwetu jina la pili huwa la baba, na huko mbele kila fomu itamtaka mtoto la kwake, la baba na la babu au ukoo. Mkiliweka Kabula katikati bila kufikiri, mwandishi wa shule anaweza kudhani ndilo la baba yake. Kwa hiyo ama muandikishe Nevaeh Kabula yote mawili kwenye sehemu ya jina la kwanza, na muyaandike hivyo hivyo kila mahali maisha yote, ama muandikishe Nevaeh peke yake na Kabula libaki la nyumbani. Yote mawili ni sawa. Kisicho sawa ni leo hivi na kesho vile.

Usichelewe. Muda wa kawaida wa kuandikisha kizazi ni ndani ya siku 90, na wewe umeshatumia sehemu kubwa. Usisubiri bibi asamehe ndipo uende, lakini mumeo aende Kwimba kwanza, hata kama ni wikiendi hii. Akirudi amekubaliwa, vyema. Akirudi bado, mkaandikishe tu, Kabula likiwemo, na safari ya pili aende na cheti mfukoni, amsomee mama yake jina la mama yake.

Kuhusu tumbo la usiku: watoto wengi wa umri huo hulia jioni na usiku kwa tumbo kujaa gesi, na wengi huacha wakifika miezi mitatu au minne. Mtoto akiwa ananyonya vizuri na anaongezeka uzito, mbebe wima kila akimaliza kunyonya mpaka acheue. Akiwa na homa, akitapika sana, akikataa ziwa au choo kikiwa na damu, mpeleke kituo cha afya usiku huo huo. Usimnyweshe dawa ya mchango ya kienyeji, hata ikiletwa na mtu umpendaye. Na ukiwa kliniki muulize muuguzi mambo haya mbele ya mumeo, ili neno la "ni jina" likirudi tena, awe na la kumjibu mama yake bila wewe kufungua mdomo.

Umesema jina lilikupendeza tangu siku ya kwanza, ila hukusema kama mumeo anajua hilo. Mwambie. Mwambie pia kwamba ulitaka kuulizwa, na kwamba mtoto wa pili, Mungu akijalia, jina lake mtakaa wawili na mama mkwe mlitafute kabla uchungu haujaanza.